Mwalimu, Nani Aliwahesabu Wazaramo?

Safu ya "Uliza Mwalimu": wasomaji wanauliza, mwalimu mstaafu wa Jiografia anajibu kutoka Dar es Salaam

SWALI: Shikamoo Mwalimu. Mimi ni kijana wa Mbagala Rangi Tatu, niko mwaka wa pili chuoni. Mimi na wenzangu wanne tumeanza kuandika kwenye Wikipedia ya Kiswahili, na nilichagua makala ya Wazaramo kwa sababu ndio kwetu, babu yangu kazikwa Kisarawe. Nikitafuta idadi ya Wazaramo nimekuta namba tatu: moja kwenye Ethnologue, moja kwenye Joshua Project, na moja kwenye gazeti. Hazifanani hata kidogo. Nikaweka ya gazeti, maana gazeti lina mhariri na lina ofisi. Kesho yake mtu kaifuta na kuandika maneno manne tu: "chanzo si cha kuaminika". Nimeumia, Mwalimu. Kama gazeti si chanzo, chanzo ni nini? Na katika zile tatu, ipi ya kweli?

JIBU: Marahaba, mwanangu. Barua yako nimeisoma mara mbili, ya pili nikiwa na kalamu mkononi, kwa sababu umegusa jambo lililonihangaisha tangu nikifundisha Temeke. Nikupe jibu mapema usilitafute hadi chini: katika namba zako tatu hakuna hata moja iliyotokana na Wazaramo kuhesabiwa. Aliyekufutia alikuwa na haki ya kufuta. Alichokosea ni kukuacha njiani, maana maneno manne hayamfundishi mtu.

Mara ya mwisho kwa sensa ya nchi hii kumuuliza mwananchi kabila lake ilikuwa Agosti 1967. Nilikuwa na miaka tisa, tunakaa Magomeni, na siku karani alipokuja nilikuwepo barazani. Bibi yangu mzaa baba alikuwa kwenye mkeka anapeta mchele. Karani alipofika kwenye kabila, bibi akawahi: "Sisi Washomvi," yaani Waswahili wa mwambao huu. Baba akamwambia karani, "Andika Mzaramo, wote humu ndani Wazaramo." Baba ndiye mkuu wa kaya, karani akaandika alichoambiwa. Sote saba tukawa Wazaramo: bibi aliyekwisha kusema yeye Mshomvi, na mama yangu, Mluguru wa Matombo, ambaye wakati huo alikuwa uani anakuna nazi na hakujua hata kama kuna mgeni.

Sikusimulii hivi ili uidharau sensa ile. Kwa habari ya makabila ndiyo hesabu bora tuliyo nayo mpaka leo, na mtu akiitaja kwa mwaka wake namheshimu. Nataka uone tu kwamba hata namba iliyo bora kuliko zote ni majibu yaliyojumlishwa. Yupo aliyeuliza, yupo aliyejibu, pengine kwa niaba ya wengine, na kulikuwa na neno lililokubalika kwenye karatasi na jingine lililobaki kwenye mkeka. Kwa hiyo namba yoyote ya kabila utakayoikuta, ya nchi yoyote, iulize kwanza: nani aliwauliza watu, aliwauliza nini, na mwaka gani? Isiyoweza kujibu hayo haiaminiki hata ikichapwa kwa wino wa dhahabu.

Sasa tazama kilichofuata. Mwaka 1967 nchi nzima ilikuwa na watu 12,313,469. Zikaja sensa za 1978, 1988, 2002, 2012 na 2022, na ile ya mwisho ilitukuta 61,741,120. Katika zote hizo tano, kabila halikuulizwa. Naweza kukuthibitishia mbili kwa mikono yangu, kwani nilikuwa karani 1988 na 2002. Dodoso lina umri, jinsi, ndoa, elimu, kazi, nani alilala kwenye kaya usiku wa kuamkia siku ya sensa. Mzee mmoja wa Keko mwaka 2002 alinishika karatasi: "Hujaniandika kabila, mwanangu, andika Mngoni." Nikamwonyesha safu moja baada ya nyingine mpaka akaridhika kwamba mahali pa kuliandika hapapo. Mwaka 2022 karatasi zikawa vishikwambi, vile walivyokuja kugawiwa walimu baada ya zoezi, na humo nako kabila halikuwemo. Basi ukiona sentensi inasema "kwa mujibu wa sensa ya 2012 kabila fulani lina watu kadhaa", huna haja ya kubishana na aliyeandika. Umeshajua hiyo sensa haikuuliza.

Turudi kwenye namba zako.

Ethnologue hutolewa na SIL, shirika la Kikristo la wanaisimu lenye makao Dallas, Marekani. Kazi yao ni lugha. Wanachokadiria hasa ni wasemaji wa Kizaramo. Wewe wa Rangi Tatu hebu niambie: unaota ndoto kwa lugha gani? Wajukuu zangu saba wanajiita Wazaramo, na wa kuongea Kizaramo zaidi ya salamu hayupo hata mmoja. Ukichukua idadi ya wasemaji ukaiandika kuwa idadi ya kabila, wajukuu wangu wote umewafuta. Kuna na jambo la mwaka. Toleo linaweza kuwa la juzi na ndani yake namba ikawa na umri wa miaka ishirini, kwa hiyo angalia mwaka ulioandikwa ubavuni mwa namba, usitazame mwaka wa toleo. Na hapa nyumbani Chuo Kikuu cha Dar es Salaam kilitoa Atlasi ya Lugha za Tanzania mwaka 2009, kazi ya watafiti wetu wenyewe. Mimi naipenda na ninaitumia, lakini nayo ni ya lugha. Ukiitaja, andika "wasemaji", usiandike "Wazaramo wote".

Joshua Project ni ya wamisionari wa Marekani. Wanaorodhesha jamii za dunia ili wajue Injili imefika wapi na wapi bado. Hawajaficha nia yao, na kwa kazi yao makadirio yanawatosha. Wana namba kwa karibu kila jamii, nchi kwa nchi, hata nchi ambazo serikali yake haijauliza kabila kwa nusu karne, na namba hizo hukuzwa kadiri watu wa nchi wanavyoongezeka. Ukitaka kujua wamisionari wanaionaje dunia, watakufaa. Ukitaka kujua Wazaramo wako wangapi, hapo hapakupita karani.

Ya tatu ndiyo iliyonikosesha usingizi, na hapa nikae kidogo.

Hiyo namba ya gazeti ninaifahamu. Sitaiandika hapa, maana nikiiandika nitaipa mguu mwingine wa kusimamia. Nilikaa na mjukuu wangu mezani, simu yake kwenye chaja, tukaifuatilia. Makala ya gazeti haikusema namba imetoka wapi, ilisema "inakadiriwa" na kuendelea na safari. Tukaingia Wikipedia ya Kiingereza kwenye makala ya Wazaramo, tukabonyeza sehemu ya historia, ambako kila badiliko limewekwa tarehe na saa na nani kalifanya. Tukashuka nyuma badiliko kwa badiliko hadi tukaikuta siku ile namba ilipoingia mara ya kwanza. Aliyeiingiza hakuwa hata na jina la kujisajili, na hakuweka chanzo. Siku ile ilikuwa miezi kadhaa kabla ya gazeti kutoka. Kisha baada ya gazeti, mtu mwingine akaja, akaona namba haina chanzo, akatafuta mtandaoni, akalikuta gazeti, akaliweka kama chanzo kwa moyo mweupe kabisa. Toka hapo namba ina nguo za kutokea. Blogu zinainukuu, mwanafunzi anaiweka kwenye tasnifu, na wewe ukaikuta kila mahali ukadhani mashahidi ni wengi. Shahidi ni mmoja, na hajulikani jina.

Ndiyo maana gazeti kwa jambo hili halitoshi. Gazeti ni chanzo kizuri kabisa cha mkutano wa jana, cha bei ya sukari, cha nani kateuliwa. Kwa idadi ya kabila mwandishi hakwenda kuhesabu, amenukuu, na asiposema amemnukuu nani, wewe huna unachokinukuu. Kipimo changu ni tarehe: je, namba ilikuwa kwenye kamusi elezo kabla haijawa gazetini? Ikiwa ndiyo, nyoka anakula mkia wake.

Utaniuliza: kwa nini tusichukue hesabu ya zamani tukaikuza wenyewe? Wengi wanafanya, na wanafanya kwa nia njema. Chukua Wasukuma. Sensa ya Tanganyika ya 1957 iliwakuta milioni 1 na ushei katika Waafrika takriban milioni 8.7, yaani kama mtu mmoja kati ya kila wanane. Gawanya 61,741,120 kwa nane, unapata 7,717,640. Itazame hiyo namba. Ina tarakimu saba, ina sifuri moja tu mwishoni, inaonekana kama kuna mtu alizunguka Shinyanga na daftari. Hakuna aliyezunguka. Nimeitengeneza sasa hivi nikiwa nimekaa kwenye kochi. Ndani yake nimedai kimyakimya kwamba tangu 1957 kila kabila limezaana sawa na jingine, kwamba watoto wa ndoa za mchanganyiko wamegawanyika sawasawa, na nimewaingiza Wazanzibari karibu milioni 1.9 ambao kwenye sensa ya Tanganyika hawakuwemo. Kosa la mwisho hilo ni la wazi, na bado nimeliona limechapishwa.

Kwa Wazaramo ingekuwa mbaya zaidi. Mji wa Dar es Salaam mwaka 1967 ulikuwa na watu 272,821. Mwaka 2022 mkoa mzima ulikuwa na 5,383,728. Walioongezeka wametoka Kigoma, Mtwara, Mara, Pemba, kila kona, na watoto wao wamezaliwa Amana na Temeke. Anayepiga hesabu ya Wazaramo kwa kukuza namba za mkoa anawageuza Waha kuwa Wazaramo bila kuwauliza, kama baba alivyomgeuza mama.

Kuna namba moja ya kisasa ambayo angalau mtu aliuliza kweli. Watafiti wa Afrobarometer, mtandao unaopima maoni ya wananchi katika nchi za Afrika, huwauliza watu kabila lao, nyumba kwa nyumba, na mbinu zao wanazianika. Lakini Tanzania huwa wanahoji kama watu 2,400. Kwa kundi kubwa itakupa picha ya jumla. Kwa kabila lenye asilimia moja ya watu, hao ni watu 24, wanaenea kwenye kipanya kimoja cha Gongo la Mboto wakibanana. Wakiongezeka wawili, kabila zima kwenye makadirio yako linaongezeka kwa watu zaidi ya elfu hamsini. Ukiitumia, taja ukubwa wa sampuli, na usiitumie kwa Wandengereko.

Kwa hiyo uandike nini? Nenda Maktaba Kuu ya Taifa pale Bibi Titi, ile aliyoifungua Mwalimu Nyerere Desemba 1967, mwaka uleule wa sensa tunayoizungumza, au panda Mlimani uulizie machapisho ya Afrika Mashariki. Omba majuzuu ya sensa ya 1967, yale yenye majedwali ya makabila. Ipige picha kurasa yako, andika namba ya juzuu na ya ukurasa, kisha sentensi yako iwe hivi: "Katika sensa ya mwaka 1967, ya mwisho kuuliza kabila nchini Tanzania, Wazaramo walihesabiwa kuwa…" na hapo uweke ulichokisoma kwa macho yako. Mwaka ukae ndani ya sentensi, usijifiche kwenye tanbihi. Kile kisanduku cha pembeni ambacho wengi hukimbilia kukijaza, kama huna cha kuweka, kiache wazi. Msomaji akiona pengo atajua kwamba hapo hapajahesabiwa, na hiyo ni habari ya kweli kuhusu nchi yake.

Na yule aliyekufutia mwandikie kwenye ukurasa wa majadiliano. Mweleze ulichokipata. Mara nyingi watu hawa wanafuta usiku wakiwa wamechoka, na hujawahi kuona wanavyofurahi wakimpata mtu mwenye namba ya ukurasa.

SWALI: Mwalimu, mimi ni mfanyabiashara wa Kigamboni, mke wangu ni Mmasai wa Longido na ana ndugu Kajiado. Wakenya wana namba ya Wamasai wao, sisi hatuna. Je, ensaiklopidia ikichukua ya Kenya ikajumlisha na makadirio ya Tanzania, kuna ubaya?

JIBU: Upo. Kenya huuliza kabila, na sensa yao ya 2019 iliwapata Wamasai 1,189,522. Hiyo ni hesabu. Ya kwetu ni makisio ya mtu. Ukizijumlisha, jibu linavaa sura ya ile iliyo bora, na msomaji hawezi tena kujua kipande kipi ni kigumu na kipi ni tope. Ziandike mbalimbali, kila moja na nchi yake na mwaka wake.

Ila usidhani kuulizwa kunamaliza maneno. Baada ya sensa ya Kenya ya 2009, waziri alisimama mwaka uliofuata akatangaza kufuta matokeo ya wilaya nane za kaskazini kwa maelezo kwamba watu walikuwa wameongezeka kupita kiasi, na jambo likaenda mahakamani. Namba ya kabila ikishakuwa kura na bajeti, kila mtu anaivuta. Wapo pia wasio na safu. Wamakonde wa Kwale waliishi Kenya miongo mingi bila kutambuliwa kuwa raia, mpaka mwaka 2016 wakatembea kwa miguu kwenda Nairobi, na 2017 wakatangazwa kabila la 43. Sensa iliyofuata ikawa na mahali pao. Anayelinganisha sensa mbili bila kulijua hilo ataandika kwamba kabila limezuka ghafla. Kabla hujalinganisha miaka miwili, linganisha kwanza orodha ya majina yaliyoruhusiwa kila mwaka.

Msalimie mkeo. Mwulize angejibu nini karani akimuuliza mtoto wenu ni kabila gani, halafu ujiulize na wewe ungejibu nini. Nadhani mtakaa mpaka usiku.

SWALI: Shikamoo Mwalimu. Mjomba wangu Maneromango ana daftari kubwa, kaandika ukoo wetu wote kwa majina, tangu babu wa babu, nyumba kwa nyumba. Tumehesabu, watu ni mia sita na kitu. Naweza kuliweka kama chanzo kwenye Wikipedia?

JIBU: Marahaba. Kwenye Wikipedia hapana. Wale wanapokea kilichokwisha kuchapishwa mahali ambapo msomaji mwingine anaweza kwenda kukikagua, na daftari la mjomba liko kwenye kabati la mjomba.

Lakini nimesimama niliposoma barua yako. Daftari hilo lina kitu ambacho hakimo kwenye tovuti yoyote niliyoitaja leo: watu wenye majina, waliohesabiwa na mtu anayewajua. Lipigwe picha kurasa zote, kwa mwanga wa mchana, huku mjomba akiwa hai wa kusoma mwandiko wake. Waliooa nje na walioolewa wawekewe alama alivyowaita yeye. Ukiona mahali kaandika "Mshomvi" akakata akaandika "Mzaramo", usisafishe. Piga picha pamoja na ule mkato, na umuulize ilikuwaje.